Mdomo wa Babu Hezekia

Wiki iliyopita niliwaacha, wasomaji wangu wavumilivu, nikiwa juu ya mpeasi wa babu, suruali imenasa kwenye tawi, na chini amesimama mwenye mti. Naona ni haki niwashushe kwanza.

Nilishuka. Suruali ilibaki.

Kwa aliyenikuta njiani: mimi ni Shukrani, mwanafunzi wa kidato cha tano, mwenye umri wa miaka kumi na saba na kipaji kimoja tu. Naweza kuvaa sauti ya mtu. Kipaji hicho ndicho kilichonitoa bwenini, baada ya mwalimu mkuu kuwatangazia wanafunzi mapumziko ya siku tatu huku yeye mwenyewe amelala nyumbani kwake. Nikapewa wiki mbili za kwenda kutafakari, nikaletwa Mgwashi, huku milimani, kwa Mzee Hezekia, baba wa baba yangu, mkulima wa kabichi na mtu asiyecheka.

Na sasa, neno kwa ninyi wa mabondeni, mnaolipa kwa uso. Mnaitazama mashine, mashine inawatazama, soda inatoka. Hongereni. Huku kwetu walijaribu. Ukungu ukashuka, mashine ikaona koti tupu linaomba sukari. Wakajaribu alama za vidole. Vidole vya watu waliolima miteremko hii maisha yao yote vimekuwa laini kama mgongo wa kijiko, mashine ikasema hapa hapana mtu.

Basi tukaachiwa kitu kimoja ambacho ukungu haukifichi na jembe halikifuti, nacho ni sauti.

Ndiyo maana kila duka, kila banda na kila mlango wa kanisa huku una kisikizi, kidude cheusi kama bakuli lililofunikwa. Unataja jina, unataja kiasi, unasema "nimetoa". Pesa imekwenda. Noti na sarafu mimi nimezisoma kwenye somo la historia, sura moja na biashara ya pembe za ndovu.

Matokeo yake, watu wetu wamekuwa wagumu wa maneno. Sokoni bei inatajwa kwa vidole. Wachumba wanaogopa kuahidiana chochote karibu na duka. Na babu yangu, ambaye hata zamani alikuwa akisema maneno matano kwa siku, sasa anasema matatu.

"Mdomo wangu ndio mfuko wangu," huniambia. "Mfuko hauachwi wazi."

Sheria nayo ni fupi. Ukivaa sauti ya mtu mbele ya kisikizi, mara ya kwanza unapewa onyo. Mara ya pili mdomo wako unafungwa mwaka mzima: hakuna kisikizi nchini kitakachokusikia. Hununui chumvi. Hupandi gari. Na kwa kuwa geti la shule yetu hufunguka kwa sauti, husomi.

Lishikeni hilo. Mimi sikulishika.

* * *

Hukumu ya babu kuhusu mpeasi ilikuwa fupi pia.

"Jumapili utavaa yangu."

"Yako nini, babu?"

"Suruali."

Ndugu zangu, suruali ya babu ilishonwa enzi ambazo kitambaa kilikuwa bure. Kiuno chake kilinifika kwapani. Ilifungwa kwa kamba ya katani, na nilipotembea ilifika kabla yangu. Ndivyo nilivyoingia kanisani, mbele ya kwaya nzima ya vijana, nikiwa na uso wa mfiwa. Wasichana wa sauti ya kwanza waliukosa wimbo mara mbili.

Wakati wa mahubiri sikusikia neno. Nilikuwa napanga kisasi.

Baada ya ibada kuna mnada. Asiye na pesa huleta sadaka alichonacho, mayai, ndizi, kabichi au kuku, na vyote hunadiwa pale nje kwenye nyasi. Raha yake ni kwamba anayenunua mara nyingi haondoki na kitu. Anasema "narudisha", kinanadiwa tena, na tena, mpaka yai moja linaweza kuezeka kanisa.

Siku hiyo palikuwa na kapu la mapeasi na jogoo mmoja mwekundu, mwenye dharau. Mnadishaji alikuwa Mzee Silvano, mzee wa kanisa, ambaye ametaniana na babu tangu wote wawili wakichunga mbuzi.

"Jogoo! Jogoo wa Bwana! Nani atamwokoa huyu na sufuria? Wewe Hezekia, tangu tubatizwe sijasikia sauti yako hapa. Au wewe ulibatizwa mdomo umefungwa?"

Watu wakacheka. Babu akatazama milima.

Nilikuwa nyuma ya bega lake. Nilijua mfuko wa babu ulivyo: umekauka tangu anunue mbegu. Kwa hiyo hesabu yangu ilikuwa safi kabisa. Nitataja kiasi kikubwa kwa sauti yake, na kisikizi cha mlango wa kanisa, ambacho hakina adabu, kitatangaza mbele ya usharika wote: "Hezekia, salio halitoshi." Suruali kwa suruali.

Nikakohoa kidogo kuipata ile kokoto inayokwaruza kooni mwake kila anaposema.

"Hezekia," nikasema. "Laki mbili. Nimetoa."

Kisikizi kikatafuta kidogo.

"Imepokelewa. Ubarikiwe, Hezekia."

* * *

Sijawahi kusikia vigelegele vya namna ile isipokuwa kwenye harusi.

Mzee Silvano aliachia jogoo. Mama mchungaji akavua mtandio wake akamvika babu mabegani. Kwaya ikaanza wimbo bila kuambiwa. Na babu? Alisimama pale kama mtu aliyeamshwa akakuta nyumba imejaa wageni.

Mkono wake ukanitafuta nyuma ukanikamata sikio. Kwa mazoea tu, nadhani. Kila jambo lisiloeleweka huwa ananikamata sikio kwanza.

"Babu, mimi..."

"Nyamaza."

Ili kunyamaza vizuri, nikachukua peasi moja la mnada nikalitia mdomoni zima.

"Hezekia!" akapaza Silvano, amemkamata tena jogoo. "Unakwenda naye au unamrudisha?"

"Narudisha."

"Anarudisha! Haya, jogoo wa Hezekia! Nani anamwoa? Jamani, amekosa mchumba? Baada ya laki mbili mnaogopa?"

Kweli watu waliogopa. Nani ataje elfu tatu baada ya laki mbili? Jogoo akaanza kuonekana mjane.

Hapo ndipo nilipohisi sikio langu linaachiwa. Babu akajinyoosha. Naapa niliona meno yake, jambo ambalo kwenye ukoo wetu ni kama kupatwa kwa jua.

"Hezekia," akasema mwenyewe. "Laki moja na nusu. Nimetoa."

"Imepokelewa. Ubarikiwe, Hezekia."

Mimi nilikuwa na peasi mdomoni. Hata jina langu nisingeweza kulitamka. Wasomaji, naomba mlikumbuke hilo peasi, maana ndilo shahidi wangu pekee na nililimeza.

* * *

Njiani kurudi nyumbani babu alitembea kama kijana. Alimsalimia kila mtu. Alimsalimia hata mbuzi wa jirani.

Tulipofika dukani akasimama mbele ya kisikizi. "Hezekia. Salio langu."

"Mfuko wako, elfu sita. Mfuko wa kikundi, hauna kitu."

Babu akarudia kuuliza. Kisikizi kikarudia kujibu, kwa sauti ileile isiyo na aibu.

Nifafanue msiba huu. Wakulima wa kabichi wa pale wana kikundi chao, na kikundi huchagua mdomo mmoja wa kutunza pesa ya wote. Miaka yote mdomo huo ni wa babu, kwa sababu haufunguki ovyo. Pesa ile ilikuwa ya kukodi lori la kesho yake, kupeleka mavuno ya watu wote Dar. Na mashine za sauti hazijui mfuko wa kushoto wala wa kulia. Wa kwako usipotosha, zinachota wa jirani.

Babu akakaa kwenye ngazi ya duka. Ule mtandio wa mama mchungaji ulikuwa bado mabegani.

"Nilidhani baba yako ametuma," akasema.

Baba yangu, Kristofa, yuko Dar. Ni mtu wa "mwisho wa mwezi, mzee". Miezi imeisha mingi.

"Niliposikia imepokelewa," babu akaendelea, na hayo yalikuwa tayari maneno ya wiki nzima, "nikasema moyoni, Kristofa amekumbuka. Ametuma kimyakimya anishangaze. Sikujua nani amesema laki mbili. Nikadhani labda ni mimi, kwa usingizi wa mahubiri. Nikasema, kama mwanangu amekumbuka, na mimi nimtolee Mungu kwa mdomo wangu."

Nimewahi kuchapwa mbele ya shule nzima. Nimewahi kufungiwa stoo ya majembe. Hapo ndipo pabaya zaidi nilipowahi kusimama.

"Babu. Ile ya kwanza ni mimi."

Akanitazama. Nikangojea fimbo. Niliitamani kabisa.

"Ya kwanza ulikuwa wewe?"

"Ndiyo, babu. Nilitaka mashine ikutangaze huna salio. Kwa ajili ya suruali."

Akatikisa kichwa polepole.

"Basi hakutuma," akasema.

Akauvua mtandio, akaukunja, akainuka.

* * *

Asubuhi banda la kupakia lilikuwa limejaa kabichi mpaka juu, na ukungu mpaka chini. Ni banda lisilo na kuta. Ukungu wa kwetu ukishuka sawasawa, watu wanakuwa makoti na kofia tu. Unamjua mtu kwa kikohozi chake.

Lori lilikuwa limefika. Dereva wake, Kassimu wa Mombo, alikuwa amekaa kwenye kizingiti cha gari akitikisa mguu.

"Pesa ya mafuta kwanza, wazee. Mimi nikikaukiwa huko mabondeni, kabichi zenu nitawauzia nyani, nao hawalipi kwa sauti wala kwa uso."

Bi Mwanahamisi, mwenyekiti wa kikundi, mama mfupi mwenye kofia ya sufi juu ya ushungi, akamgeukia babu.

"Haya, Mzee Hezekia. Fungua mdomo."

Babu hakufungua.

"Mzee Hezekia, watu wanangoja."

"Shikamoo, bibi," nikasema.

"Marahaba. Wewe si umefukuzwa shule? Nyamaza."

"Bibi, pesa haipo. Imekwenda mnadani. Ni mimi. Nilivaa sauti ya babu."

Banda likaguna kama tumbo. Mzee Silvano akasogea mpaka nikamwona pua.

"Yule jogoo?" akauliza. "Nilisema mimi! Nilisema, Hezekia kutoa ni kama jiwe kutoa maziwa!"

"Jina lako Shukrani," akasema Bi Mwanahamisi, "kumbe ni zile za punda."

Kisha akafanya kazi yake, na aliifanya vizuri, ndiyo maana ni mwenyekiti. Alikiuliza kisikizi cha banda. Kikajibu: sadaka mbili, laki mbili na laki na nusu, zote kwa sauti ya Hezekia.

"Sikilizeni," akasema. "Pesa iliyotolewa kwa sauti ya wizi inarudi papo hapo, mwizi akikiri mbele ya kisikizi kwa sauti yake mwenyewe. Iliyotolewa na mwenye mdomo hairudi. Hiyo ni sadaka. Sasa wewe mtoto. Ulivaa sauti hiyo mara ngapi?"

Swali dogo. Watu wote wakasogea kulingoja jibu.

Nikisema mara moja, napata onyo langu, Jumatatu ijayo naingia shule, na lori linapata pesa ya kufika nusu ya safari. Na watu watajua kwamba ya pili ni babu. Kanuni ya kikundi anaijua kila mtu: aliyechezea mfuko hapakii tena kabichi yake kwenye gari la wenzake. Mzee wa umri wake, atazibeba kichwani mpaka sokoni Soni?

Nikisema mara mbili, pesa yote inarudi, kabichi zinakwenda, babu anabaki Hezekia. Na mimi mdomo unafungwa mwaka mzima.

Nikamtazama babu. Nilitaka aniambie kitu. Neno moja la utani, hata tusi la Kishambaa. Alikuwa anaangalia viatu vyake.

"Mbili," nikasema.

"Hapana," akasema Bi Mwanahamisi upesi. "Umechelewa kujibu. Watoto wa siku hizi mnapenda kujitwika mizigo ya wazee mkadhani ni ushujaa. Sitamfunga mtoto wa mtu mdomo kwa huruma. Nani hapa amewahi kumsikia akivaa sauti hiyo?"

Hakuna.

"Basi tuisikie. Sauti ya kuigiza inaweza kubahatisha neno moja. Toa ya kutosha, na hii ya kupimwa haihesabiwi. Tukisikia Hezekia kamili, tumekubali zote ni zako. Tukisikia mtoto anayebana pua, tumejua la kufanya."

"Fanyeni haraka," Kassimu akasema kutoka kwenye ukungu. "Na mimi ninunue hiyo sauti nimpigie mke wangu."

Wakanisukuma katikati, kando ya babu, bega kwa bega. Ukungu ukazidi kushuka, mpaka hata kofia zikapotea. Nilisikia watu wakipumua na jogoo fulani akiwika mbali. Sijui kama ni yule.

Nikakohoa kuitafuta ile kokoto.

Haikuja.

Niliwaza geti la shule likiniuliza jina na mimi nikijibu na lenyewe likitulia kama ukuta. Niliwaza wenzangu wakiingia. Mdomo ulikuwa mkavu kama mfuko wa babu. Nikaufungua, nikaufunga.

Na hapo hapo sauti ya babu ikasikika bandani, nzito, polepole, na kokoto yake katikati.

"Ya pili ilikuwa yangu. Nilidhani mwanangu amenikumbuka."



Kisha Mzee Silvano akapiga makofi.

"Mgosi! Mwanaume kabisa! Huyo ni Hezekia mtupu! Mpaka ule mkwaruzo! Na ametia hadithi ya Kristofa ndani, shetani huyu!"

Watu wakalipuka. Mtu akapiga mluzi. Kisikizi nacho, kutoka kwenye nguzo yake, kikaitika kwa upole: "Nimekusikia, Hezekia."

"Mnaona?" akasema Kassimu. "Hata mashine imeingia mkenge!"

"Nimeamini," akasema Bi Mwanahamisi, na sauti yake haikuwa na furaha. "Mtoto ni fundi. Zote mbili ni zake. Mleteni hapa kwenye kisikizi akiri kwa sauti yake, tumalize."

Mkono wa mtu ukanishika begani. Lori likaanza kunguruma.

Mimi, wasomaji wangu, nilikuwa sijasema neno.

Nikageuza kichwa. Shubiri moja tu kutoka usoni kwangu, ndani ya ule ukungu, babu alikuwa akinitazama. Hakuna mwingine aliyemwona. Mdomo wake ulikuwa bado wazi kidogo, kama mlango ambao mwenye nyumba hajaamua kama aufunge.